Kadi ya Marehemu: Kuuhuisha Mchezo wa Zamani Katika Kompyuta kwa Njia ya Halali



Wiki hii tutazungumza juu ya jambo ambalo huenda baadhi yenu wakastaajabu kuliona limeandikwa na mtu wa darasa na kilemba. Ni jambo la michezo ya kompyuta. Lau tungeulizwa mwaka uliopita, tungesema kuwa hayo si mambo ya kuandikiwa makala. Lakini lilitufika katika nyumba ya marehemu ndugu yetu, na tuliyojifunza hapo yatupasa tuwaeleze wenzetu, kwani hatudhani kuwa nyumba ile ni ya peke yake.

Ndugu yetu alifariki miaka miwili iliyopita, Allah amrehemu. Aliacha mjane, mtoto wa kiume ambaye sasa ana miaka 13, na binti mdogo. Katika ujana wake alifanya kazi Muscat kwa miaka kadhaa, na aliporudi Mombasa alikuja na mashine ya michezo ya PlayStation 2. Usiku wa kuamkia Ijumaa, baada ya sala ya isha, yeye na mwanawe walikuwa wakikaa sebuleni wakicheza mpira kwenye televisheni, na vicheko vyao vikisikika hadi kwa jirani. Mashine ile iliharibika kabla ya mwenyewe kuugua: taa yawaka, lakini diski haisomwi. Ikatiwa mfukoni, mfuko ukasukumwa chini ya kitanda.

Mwezi wa Shaabani uliopita shemeji yetu alitupigia simu, na sauti yake ilikuwa ikitetemeka. Yeye hushona mabuibui. Vipimo vya wateja, malipo ya awali waliyotoa na tarehe za kuchukua nguo, vyote alivihifadhi katika laptopu. Mwanawe alikuwa ameingia katika intaneti akapakua faili aliloambiwa kuwa litaiwezesha kompyuta kucheza diski za PlayStation. Alipolifungua, laptopu ilijaa matangazo ya aibu, kisha ikakataa kabisa kufunguka. Fundi aliirudisha katika hali yake, lakini baada ya kufuta kila kilichokuwamo. Maagizo ya wateja zaidi ya thelathini yakapotea, na Ramadhani ilikuwa mlangoni.

"Shemeji, nifanye nini na mtoto huyu?" akauliza.

Nasi tukajibu pale pale: mashine itupwe, na mtoto asiiguse laptopu tena.

Kilichokuwa ndani ya kadi

Siku ya pili tulifuatana na ahli yetu kwenda kuwajulia hali. Kijana alikuwa amekaa barazani, na hakuinua kichwa. Tukamuuliza: michezo imejaa mitaani na kwenye simu za wenzako, ni lipi lililokupeleka kuiharibu kazi ya mama yako? Alinyamaza kitambo, halafu akaingia ndani, akarudi na kitu cheusi kidogo kama kiberiti. Ilikuwa ni memori kadi ya ile mashine.

"Ami," akasema, "humu imo timu ya baba. Sikutaka mchezo mwingine."

Akatueleza. Mchezo wao ulikuwa Pro Evolution Soccer 6, uliotoka mwaka 2006. Ndani yake mna ligi ambayo mchezaji huwa kama meneja: huunda timu yake, akaipa jina, akaiongoza msimu baada ya msimu. Marehemu alikuwa na timu yake humo, na kila walipomaliza kucheza aliihifadhi katika kadi ile. Mashine ilipokufa, kadi ilibaki haina pa kusomewa. Kijana alikuwa ameiweka ndani ya mto wake kwa miaka miwili, na mama yake hakuwa na habari.

Tuliona haya. Tulikuwa tumetoa hukumu kabla ya kumsikiliza mshtakiwa; jambo hilo ni aibu kwa kadhi, seuze kwa ami. Tukamwambia shemeji kuwa neno letu la jana tumelirudisha. Na kijana tukampa sharti: kwanza amsaidie mama yake kuokoa kazi yake, kisha Idi ikipita tutatafuta njia ya kuifungua kadi, lakini njia iliyo safi.

Alilitimiza. Kila usiku alikaa na simu ya mama yake akipitia ujumbe wa M-Pesa, akatoa humo majina ya waliolipa, kiasi na tarehe, akaviandika katika daftari. Wateja wakaombwa radhi, wakapimwa upya. Walikuwapo walionung'unika, lakini hakuna aliyekosa buibui lake siku ya Idi.

Emuleta ni kitu gani?

Mwalimu wetu katika kazi hii alikuwa binti yetu, ambaye anasomea kompyuta. Sisi tulikuwa wanafunzi, na tunayoyaandika hapa ni darasa lake.

Emuleta ni programu inayoifanya kompyuta ijifanye mashine nyingine. Mchezo wa PlayStation 2 uliandikwa kwa lugha ya mashine ile, nayo kompyuta haiifahamu lugha hiyo. Emuleta husimama katikati, mfano wa mtu anayetafsiri hotuba papo hapo wakati khatibu angali anasema. Kila neno lazima alisikie, alifahamu, alitamke kwa lugha ya pili, na asichelewe.

Mfano huu utatufahamisha jambo linalowashangaza wengi. PlayStation 2, iliyotoka Japani mwezi wa Machi 2000 na kununuliwa ulimwenguni zaidi ya milioni 150, ilikuwa na RAM ya megabaiti 32 tu, na prosesa ya megahazi 294 hivi. Laptopu ya leo ina nguvu mara nyingi zaidi ya hizo, na bado yaweza kutokwa jasho ikiiga mashine ile, kwa sababu kutafsiri ni kazi nzito kuliko kusema. Kwa hiyo msinunue laptopu dhaifu kwa kudhani kuwa mchezo wa zamani ni mwepesi. Kwa emuleta tuliyoitumia sisi, iitwayo PCSX2, tafuteni kompyuta yenye Windows 10 au 11 ya biti 64, RAM ya gigabaiti 8, na prosesa isiyo ya kizamani.

Vitu vitatu, na hukumu ya kila kimoja

Hapa ndipo penye kiini cha makala yetu. Ili mchezo uchezeke, vyahitajika vitu vitatu, na hukumu zake hazifanani.

Cha kwanza ni emuleta yenyewe. PCSX2 imeandikwa na watu waliojitolea, nao wameitoa bure kwa kila mtu. Kuitumia hakuna ubaya. Mwaka 1999 kampuni ya Marekani iitwayo Connectix ilitoa programu iliyoiwezesha kompyuta ya Macintosh kucheza diski za PlayStation ya kwanza. Sony ikaishtaki. Mwaka 2000 mahakama ya rufani ya Marekani iliona kuwa Connectix haikukosa, kwa kuwa wahandisi wake waliinakili programu ya Sony ili waichunguze tu, lakini ile waliyoiuza iliandikwa kwa mikono yao wenyewe. Kujifunza namna kitu kinavyofanya kazi, kisha ukaunda chako, si wizi.

Cha pili ni BIOS. Hii ni programu ndogo iliyomo ndani ya mashine, ambayo huiamsha kila inapowashwa. BIOS ni mali ya Sony, ndiyo maana PCSX2 haiji nayo. Wenye PCSX2 wamtaka kila mtumiaji aitoe katika mashine yake mwenyewe.

Cha tatu ni mchezo, ambao ni mali ya waliouandika. Anayenunua diski amenunua haki ya kuutumia. Asiyenunua hana haki hiyo.

Intaneti imejaa tovuti zinazogawa BIOS na michezo bila ya idhini ya wenyewe. Wako wanaosema kuwa mchezo wa zamani hauna mwenyewe tena, au kuwa matajiri wale hawatapungukiwa. Baraza la Kimataifa la Fiqhi ya Kiislamu, katika kikao chake cha 5 kilichofanyika Kuwait mwezi wa Disemba 1988, liliamua kwa azimio namba 43 kuwa haki za utunzi na uvumbuzi ni mali ya wenyewe, zinalindwa na sharia, na haijuzu kuzivamia. Uamuzi huo haukutenga baina ya mwenye mali tajiri na maskini, wala baina ya mtunzi Mwislamu na asiyekuwa Mwislamu. Na wenye mali nao hawajalala: mwaka 2024 kampuni ya Nintendo iliwashtaki watengenezaji wa emuleta iitwayo Yuzu, ikidai kuwa programu ile ilivunja kufuli za michezo yake na kusaidia wizi. Kesi iliisha kwa washtakiwa kukubali kulipa dola milioni 2.4 na kuiacha kazi yao.

Na tuzingatie lililomfika kijana wetu. Alichokipakua akidhani ni BIOS kilikuwa ni programu ya kuharibu. BIOS ya PlayStation 2 ni faili la megabaiti 4 ambalo halifunguki lenyewe. Ukipewa faili linalotaka ulibonyeze lijisakinishe, jua umedanganywa. Wanaoweka mitego hii wanafahamu kuwa mtoto anayechukua kwa siri hatamwuliza mkubwa.

Mashine hii ni ya nani?

Kabla ya kuigusa mashine tulijiuliza swali la kifiqhi ambalo wengi hulisahau. Mirathi ya marehemu iligawanywa mapema, lakini mashine ile, diski zake na kadi yake vilikuwa chini ya kitanda na havikuhesabiwa. Vyote hivyo ni mali ya warithi: mjane ana thumni yake, mama wa marehemu ana sudusi yake, na kinachobaki ni cha watoto wawili, wa kiume mafungu mawili na wa kike fungu moja. Sisi ndugu hatuna kitu humo kwa kuwapo mtoto wa kiume.

Basi tukaenda kwa mama yetu mzazi kuomba idhini yake. Alicheka, akasema sudusi yake ya mashine mbovu amewahibu wajukuu wake, ila waje wamwoneshe hicho kilichomo. Shemeji naye alisamehe fungu lake. Huenda mtu akasema hayo ni makuu kwa kitu kisichofika shilingi elfu chache. Lakini watoto walisikia kwa masikio yao kuwa mali ya maiti huulizwa, na somo hilo litawafaa siku ya kugawanywa nyumba.

Tulivyofanya, hatua kwa hatua

Hatua ya kwanza ilikuwa kuitoa BIOS. Kilichokufa katika mashine ilikuwa ni jicho linalosoma diski. Ubao wa ndani ulikuwa hai. Iko programu ya bure iitwayo Free McBoot, ambayo hutiwa katika memori kadi na kuiwezesha PlayStation 2 kuendesha programu nyingine bila ya diski. Fundi mmoja alituuzia kadi iliyokwisha kutiwa programu hiyo. Tazameni kwanza namba iliyo chini ya mashine: yetu ilianza kwa SCPH-77, nayo yakubali. Zile za mwisho kabisa, zinazoanza kwa SCPH-90, nyingi hazikubali. Kadi ya fundi tukaiweka katika tundu la kwanza, tukachomeka flashi iliyopangwa kwa mfumo wa FAT32, na kwa programu ndogo iliyokuwa ndani ya flashi hiyo BIOS ikanakiliwa. Haikuchukua muda mrefu.

Hatua ya pili ndiyo iliyotutia hofu. Kadi ya marehemu iliwekwa katika tundu la pili. Binti yetu alitusisitizia kuwa kadi hiyo isomwe tu, isiandikwe kitu, na mtu asiichomoe wakati taa yawaka. Kwa programu iitwayo uLaunchELF tulifungua orodha ya vilivyomo, na hapo tukaona mafaili mawili ya mchezo ule: moja la ligi, la pili la majina na mabadiliko aliyoyafanya marehemu. Yote mawili tukayanakili kwenye flashi katika muundo wa PSU. Kijana alikuwa ameshika ukingo wa meza, hakusema neno mpaka ilipoandikwa kuwa kazi imekwisha.

Hatua ya tatu ni kuinakili diski. Diski ilikuwa na mikwaruzo na vumbi. Ilipanguswa kwa kitambaa laini, kutoka katikati kwenda ukingoni kwa mstari ulionyooka, wala si kwa kuzungusha. Laptopu nyingi za siku hizi hazina mlango wa diski, kwa hiyo tuliazima kisomeo cha DVD cha kuchomeka kwa USB. Kwa programu ya bure ya ImgBurn tukaisoma diski nzima ikawa faili moja la ISO, ambalo laweza kufika gigabaiti 4 au zaidi. Mnaposakinisha programu yoyote ya bure, someni kila dirisha kabla ya kubonyeza, kwani nyingine huja na wageni wasioalikwa.

Twaona kuwa nakala hii, maadamu diski ni yako na nakala haitoki nyumbani, ni katika kuihifadhi mali yako. Lakini ukiiuza au ukiigawa diski, ifute na nakala, kwani haki uliyonunua imekwenda na diski.

Hatua ya nne ni PCSX2. Ipakueni kutoka tovuti ya wenyewe tu, pcsx2.net. Haiuzwi, anayewataka malipo au namba ya kadi ya benki ni mwongo. Inapofunguliwa mara ya kwanza huwaongoza wenyewe: mtachagua lugha, mtaionesha folda yenye BIOS, kisha folda yenye michezo, kisha mtapanga kidhibiti cha mkononi, kile ambacho vijana hukiita pedi. Kidhibiti cha USB cha bei ndogo chatosha. Vitufe vya kompyuta pia vyaweza kutumika, ingawa vidole huchoka upesi.

Hatua ya tano ni kuyarudisha mafaili ya marehemu. PCSX2 huunda memori kadi ya kuigiza, ambayo ni faili tu ndani ya kompyuta. Kwa programu ndogo iitwayo mymc tukayaingiza mafaili yale mawili katika kadi hiyo, huku emuleta ikiwa imefungwa.

Mchezo ukienda polepole au sauti ikikatika, nendeni katika mipangilio ya picha mkarudishe ukubwa wa picha uwe ule wa asili ya mashine. Wengi huukuza mara tatu au nne ili picha ing'ae, kisha wakalaumu kompyuta. Na laptopu ichomekwe kwenye umeme, kwani ikitumia betri huenda ikajipunguzia nguvu.

Mwenye kompyuta dhaifu asikate tamaa. Iko emuleta nyingine ya bure iitwayo PPSSPP, ya mashine ndogo ya PSP, iliyo nyepesi zaidi na isiyohitaji BIOS. Lakini diski za PSP haziingii katika kompyuta; ili unakili mchezo wako wahitaji PSP yenyewe. Kwa hiyo anayekuuzia flashi yenye michezo mia ya PSP, bila ya shaka hakuipata kwa njia hiyo.

Mahali pa mchezo nyumbani

Mama atauliza: je, si kumwongezea mtoto mchezo juu ya michezo? Swali hilo lina haki yake, na jibu letu ni kuwa mtoto atacheza; litakalotofautiana ni wapi na pamoja na nani. Katika vibanda vya michezo vya mitaani kuna ada iliyozoeleka ya aliyefungwa kumlipia mwenzake. Vijana huiona ni mzaha. Lakini wawili wakiingia mchezoni, kila mmoja akiweka pesa yake katika hatari ya kushindwa, hiyo ni sura ya kamari, hata kama ni shilingi kumi. Mtoto anayeizoea kwa shilingi kumi hataona ugeni kwa zile kamari za simu.

Basi katika nyumba ile tulikubaliana mambo manne. Laptopu ya mchezo hukaa sebuleni, haiingii chumbani. Kijana amefunguliwa akaunti yake ya Windows isiyo na ruhusa ya kusakinisha programu. Neno la siri la kusakinisha analo mama yake. Hesabu za mabuibui hunakiliwa kwenye flashi kila Alhamisi, na daftari la karatasi halikuachwa tena. Na mchezo ni siku mbili kwa wiki, baada ya isha, masomo na chuo vikiwa vimekwisha. Sharti la flashi ya hesabu alilipendekeza kijana mwenyewe.

Usiku wa kufungua

Ilikuwa usiku wa wiki ya pili ya Shawwali. Mama yetu aliletwa, akakalishwa kwenye kiti. Shemeji alisimama mlangoni na ushungi wake, ahli yetu ubavuni mwake. Binti yetu akaufungua mchezo, na kijana akaingia katika ligi.

Jina la timu lilitokea: Kibokoni, mtaa tuliozaliwa sisi na marehemu. Chini yake orodha ya wachezaji. Marehemu alikuwa amefuta majina ya wachezaji wa Ulaya, akaweka ya jamaa na majirani. Namba 10 lilikuwa ni jina la mwanawe, ambaye wakati huo hata shule hajaanza. Wapo wajomba, yupo muuza samaki, yupo muadhini wetu. Nasi tulikuwa golini. Ndugu yetu alizoea kututania tangu utotoni kuwa hatuwezi kukimbia, na kumbe aliyaandika.

Mama yetu alicheka mpaka akafuta macho. Shemeji hakucheka wala hakulia. Alimwita mwanawe kwa jina lake, akamwambia asogee, akamwekea mkono kichwani. Kisha akamwuliza kwa nini hakumwambia tangu mwanzo kilichomo katika kadi. Kijana akajibu kuwa alidhani mama atahuzunika.

Hakucheza usiku ule. Alitaka kwanza yale mafaili mawili yanakiliwe katika flashi ya pili, akaipeleka kwa bibi yake ihifadhiwe. Msimu wa timu ya Kibokoni ulikuwa umesimama katikati, katika nafasi ya nne. Ijumaa iliyofuata aliuendeleza, dada yake akiwa pembeni akishika kidhibiti cha pili, na sisi, kwa bahati mbaya, tulifungwa mabao matatu.

Enyi wazazi, mkimwona mtoto amekosa, mshikeni kwa kosa lake, na alipe alichoharibu. Lakini mwulizeni alikuwa akitafuta nini. Sisi tulikaribia kuitupa jaani sauti ya ndugu yetu kwa kutouliza.

Allah amrehemu marehemu ndugu yetu na marehemu wetu wote, awalinde mayatima wetu, na atujaalie riziki na michezo yetu iwe katika halali. Amin. Wabillahi tawfiq.